Leseni ya kuvua samaki Texas: nani analipa ngapi, na wapi unavua bila kulipa

Mzee mmoja wa kwetu, mvuvi tangu utotoni kule Baraka, mji wa Kongo ukingoni mwa ziwa Tanganyika, aliketi ukingoni mwa bwawa la mtaani huku Fort Worth na fimbo moja, ndoana moja na kopo la minyoo. Hakuwa na mtumbwi wala wavu. Afisa alipofika akamwuliza leseni, mzee alidhani anaulizwa leseni ya gari, akamwonyesha kitambulisho huku akitabasamu. Nilipigiwa simu nije nitafsiri. Nilipofika karatasi ya faini ilikuwa imeshaandikwa, na mzee alikuwa bado anauliza swali lile lile: "Mwanangu, mtu anaombwaje leseni kwa kitoweo cha jioni?"

Nimewaandikia mwongozo huu wazee wa aina yake, na kila anayezungumza Kiswahili huku Texas, iwe Abilene, Houston, Dallas, Austin au San Antonio, ambaye mikono yake inamtamani samaki. Kwetu wengi tumezoea kwamba leseni ni ya mwenye chombo, mtu anayevua kwa biashara. Anayetupa mshipi ukingoni ili watoto wale hasumbuliwi sana na bwana samaki. Marekani hali ni nyingine kabisa: leseni ni ya mtu. Hata ukivua samaki mmoja, hata ukimrudisha majini, sheria inakuhesabu mvuvi tangu ndoana ilipogusa maji.

Jambo jingine la kuweka kichwani mapema ni kwamba hakuna leseni moja ya Marekani nzima. Kila jimbo lina yake, ada zake na vipimo vyake. Leseni ya Texas ukivuka nayo kwenda Oklahoma au Louisiana haikusaidii, isipokuwa kwenye maji machache ya mpakani yenye makubaliano maalumu. Ninayoyaeleza hapa ni ya Texas, ambako leseni hutolewa na idara ya mbuga na wanyamapori ya jimbo, Texas Parks and Wildlife Department, ambayo wengi huiita TPWD. Ada nilizoziandika ni za msimu wa 2024/25. Kabla ya kutoa pesa, tazama bei ya siku hiyo.

Hatua ya kwanza: hakikisha kama unahitaji leseni

Usikimbilie dukani. Kuna watu wasiohitaji leseni, na kuna mahali ambapo hakuna anayeihitaji.

Mtoto aliye chini ya miaka 17 havui kwa leseni, awe mkazi wa Texas au mgeni aliyeshuka ndege jana. Sheria za idadi na urefu wa samaki zinamhusu kama zinavyomhusu mtu mzima, ila ada halipi. Angalia tu mtego huu ambao wazazi wengi hunaswa nao: mtoto anavua, baba yuko pembeni, kisha baba anachukua fimbo "amrushie mara moja tu" ndoana ifike mbali. Hapo baba ndiye mvuvi, na baba hana leseni. Mfundishe mwanao kurusha mwenyewe, au kata leseni.

Mkazi wa Texas aliyezaliwa kabla ya 1 Januari 1931 naye hahitaji leseni. Ni wachache mno waliobaki wa umri huo, kwa hiyo usimchanganye na mzee wa miaka 65 au 70. Huyo analipa, ingawa kwa punguzo kubwa nitakalolieleza chini.

Halafu kuna mbuga za jimbo. Ukivua kutoka ukingoni au kwenye gati ndani ya mbuga ya jimbo ya Texas, huombwi leseni. Unalipa kiingilio cha mbuga kama kinatozwa, na watoto wa miaka 12 kushuka chini huingia bure. Kwa maoni yangu, hii ndiyo njia bora kwa familia iliyofika karibuni. Karibu na Dallas kuna Cedar Hill, kando ya ziwa Joe Pool. Houston wana Sheldon Lake, na wakisogea kusini-magharibi wanaipata Brazos Bend. Abilene wana Abilene State Park kule Buffalo Gap. Mbuga kadhaa zina utaratibu wa kuazimisha fimbo na vifaa, kwa hiyo piga simu uulize kabla ya kununua vyako. Ukienda Brazos Bend, wachunge watoto: maji yale yana mamba wa Kimarekani, nao huota jua pale pale watu wanapopita. Kaa mbali nao angalau futi 30, na usimwachie samaki wako aning'inie majini kwa kamba.

Mwisho kuna siku ya bure. Kila mwaka Jumamosi ya kwanza ya mwezi wa Juni, mtu yeyote anaweza kuvua kwenye maji yoyote ya umma Texas bila leseni. Iweke kwenye kalenda ya kanisa, msikiti au chama chenu. Ni siku nzuri ya kuwatoa wazee nje ya nyumba.

Ikiwa hakuna lililokugusa katika haya, unahitaji leseni. Na usidhani ni ya samaki peke yake: kaa, kamba na viumbe vingine vya majini navyo vimo.

Hatua ya pili: jua kama wewe ni mkazi au mgeni

Hapa ndipo watu wetu wanapopotea, nami nataka nikae hapa kidogo.

Neno "resident" linawatisha watu. Mtu akilisikia anawaza kadi ya kijani, uraia, karatasi za uhamiaji. Kwenye leseni ya samaki neno hilo halina uhusiano na hayo. Mkazi ni mtu aliyeishi Texas mfululizo kwa zaidi ya miezi 6 kabla ya siku anayoomba leseni. Mkimbizi aliyetoka kambi ya Nyarugusu na kukaa Abilene miezi 8 ni mkazi. Raia wa Marekani aliyezaliwa Ohio na kuhamia Dallas mwezi uliopita ni mgeni. Kinachopimwa ni mahali ulipolala miezi hiyo 6.

Kwa sababu hiyo, ndugu anayekuja kukutembelea kutoka Dar es Salaam, Nairobi au Bujumbura analipa sawasawa na anayetoka Kentucky. Wote ni wageni, na bei yao ni moja.

Lenye uchungu ni kwamba familia iliyofika kwa ndege miezi mitatu iliyopita, ikiwa bado inahesabu senti za kodi ya nyumba, kwa sheria hii ni wageni, na wageni hulipa karibu mara mbili. Nimewaona watu wakishauriana waseme uongo kidogo kaunta, "miezi mitano au sita tofauti yake nini?" Usifanye hivyo. Kununua leseni ya mkazi hali si mkazi ni kosa lenyewe, na leseni uliyopata kwa njia hiyo haikulindi. Subiri. Katika miezi hiyo, mbuga za jimbo zipo, na watoto wanavua bure.

Kalenda nayo inaweza kukusaidia. Leseni ya mwaka ya kawaida ya Texas huisha 31 Agosti hata kama umeinunua Julai. Aliyefika mwezi wa pili anakamilisha miezi 6 mwezi wa nane. Akivuta subira hadi leseni za msimu mpya zianze, atalipa bei ya mkazi na kuvua miezi 12 kamili.

Ukitakiwa kuthibitisha kwamba u mkazi, leseni ya udereva ya Texas au kitambulisho cha jimbo chenye anwani yako ndicho cha kwanza. Mambo yakiwa na utata, maofisa huangalia vitu kama bili za umeme au maji za miezi 6 ya mwisho, hati za mshahara za miezi 6 ya mwisho, karatasi ya kodi ya mapato ya karibuni, na usajili wa gari. Anza kuvihifadhi tangu siku ya kwanza, kwenye bahasha moja. Vitakufaa kwa mambo mengi zaidi ya samaki.

Hatua ya tatu: chagua maji, kisha hesabu

Texas huuza leseni kwa vifurushi, kulingana na maji. Kaunta utaviona vimeandikwa Freshwater kwa maji baridi, yaani maziwa, mito na mabwawa. Saltwater kwa bahari na ghuba. Na All-Water kwa yote mawili.

Mkazi analipa dola 30 kwa maji baridi, dola 35 kwa maji chumvi, dola 40 kwa yote. Mgeni analipa dola 58, dola 63 na dola 68 kwa mpangilio huo huo. Mkazi aliyetimiza miaka 65 analipa dola 12, dola 17 au dola 22. Punguzo hilo la wazee ni la wakazi tu; babu aliyekuja kuwasalimia wajukuu kutoka Kigoma analipa bei kamili ya mgeni.

Kuhusu umri wa wazee wetu kuna jambo la kuzingatia. Wengi waliopitia makambini wameandikiwa tarehe ya kuzaliwa 1 Januari, na mwaka wenyewe ulikisiwa na karani. Dukani kinachosomwa ni kitambulisho. Mzee anaweza kuwa na miaka 70 kwa hesabu ya ukoo na 62 kwa hesabu ya karatasi, na atalipa kwa hesabu ya karatasi. Usigombane na muuzaji. Hana uwezo wa kubadilisha.

Anayetaka kuvua siku moja tu ana leseni ya siku, inayofaa maji yote: dola 11 kwa mkazi na dola 16 kwa mgeni. Piga hesabu kabla ya kuchagua. Mgeni atakayevua siku 3 ziwani atalipa dola 48, chini ya dola 58 za mwaka. Siku ya nne inamfikisha dola 64, na hapo leseni ya mwaka ya maji baridi imekuwa nafuu. Kwa mkazi, siku 3 ni dola 33, tayari zimezidi dola 30 za mwaka mzima wa maji baridi. Mkazi anayenunua siku moja moja anajiumiza, labda iwe ni mwezi wa Agosti wenyewe.

Kipo pia kifurushi cha mkazi cha maji yote kinachohesabiwa mwaka mzima tangu siku ya kununua, kwa dola 47. Ukijikuta Mei au Juni huna leseni na unajua utavua mpaka majira ya kuchipua mwaka ujao, hicho ndicho cha kuchukua. Ukinunua cha dola 40 mwezi Juni, kinakufa 31 Agosti na utalipa tena.

Mimi mwenyewe nilikosea mara ya kwanza. Duka nililokwenda lilikuwa na foleni ndefu, muuzaji akaniuliza maswali kwa haraka, nami kwa aibu ya Kiingereza changu nikaitikia "yes" kwa kila kitu. Nikatoka na kifurushi chenye uwindaji ndani yake na maji chumvi juu, mimi niliyekuwa nikivua kambare bwawani karibu na nyumba. Pesa haikurudi. Kwa hiyo andika kwenye karatasi kabla hujatoka nyumbani: *Resident, Freshwater, Year*, au vyovyote ulivyochagua, umwonyeshe muuzaji. Akikutajia jina lenye neno *Combo*, ujue ndani yake kuna leseni ya kuwinda. Kama huwindi, kataa kwa upole.

Wanaoishi kaskazini, karibu na ziwa Texoma linalogawanywa na Texas na Oklahoma, kuna leseni ya ziwa hilo peke yake kwa dola 12. Inakuruhusu pande zote mbili za ziwa, nayo huisha 31 Desemba. Kwa mtu asiyevua kwingine, sijaona iliyo nafuu kuliko hiyo.

Hatua ya nne: nunua

Dukani ni rahisi zaidi kwa anayetaka kushika karatasi mkononi: maduka ya vifaa vya michezo, Walmart nyingi, na baadhi ya maduka ya vyakula huuza. Unaweza pia kununua kwenye tovuti ya TPWD au kwa simu, lakini huko kuna nyongeza ya dola 5 ya huduma. Ukinunua mtandaoni, hifadhi picha ya leseni kwenye simu papo hapo, maana ukingoni mwa ziwa mtandao mara nyingi hakuna.

Beba kitambulisho chako, na uwe unaijua namba yako ya hifadhi ya jamii (Social Security), kwa sababu sheria ya Marekani inaitaka namba hiyo kwa wanaonunua leseni. Hii inawashtua watu, na wana haki ya kushtuka, kwa kuwa tumefundishwa tusiitoe ovyo. Hapa inahitajika kweli. Itaje kwa sauti ya chini au iandike mwenyewe, usiitangaze kwenye foleni. Mgeni wa kutoka nje ya nchi asiye na namba hiyo huja na pasipoti.

Kabla hujaondoka kaunta, soma leseni yako: jina, tarehe ya kuzaliwa, maji uliyolipia. Majina yetu huandikwa vibaya mno, na jina la leseni likipishana na la kitambulisho utapata maelezo marefu ya kutoa mbele ya afisa. Ni vyema kurekebisha ukiwa bado umesimama pale.

Hatua ya tano: ukiwa majini

Mtu mzima anayevua anatakiwa awe na leseni yake na kitambulisho chake pale pale alipo. Kuviacha kwenye gari upande wa pili wa bwawa ni kujitafutia safari isiyo na sababu.

Kuhusu zana, sahau mengi tuliyoyajua. Nyavu zetu kubwa za kutega na kukokota, jarife, makila, kokoro, ni marufuku kwa mvuvi wa kitoweo. Kimia, yaani wavu wa kurusha, kinaruhusiwa kwa samaki wasio wa michezo tu (wa michezo, au game fish, ni kama kambare na besi), nacho kisizidi futi 14 kwa upana wa duara. Kambare akinaswa ndani ya kimia, arudi majini. Dhulumati, ile kamba ndefu ya ndoana nyingi, ina masharti yake: isizidi ndoana 50, na iwe na kibandiko chenye jina lako, anwani na tarehe. Kwa anayeanza, shika fimbo na ndoana tu mpaka uzoee.

Mabwawa madogo ya umma ndani ya miji, yale ya kwenye bustani za manispaa, ni makali zaidi. Huko ni fimbo na mshipi peke yake, zisizidi 2 kwa mtu. Kimia hakiguswi kabisa. Ndiko pia TPWD inakomwaga kambare wakati wa joto na trauti wakati wa baridi, kwa hiyo samaki wapo, na kwa mtu asiye na gari ndiko kwa kwenda.

Sasa kambare, maana najua ndiye mnayemtaka. Wa huku hana mwili mrefu kama wa kwetu, lakini sharubu ni zile zile, na miiba ya mapezi inachoma vibaya, umshike kwa uangalifu. Kabla ya kumtia ndooni mtazame mkia. Mkia ukiwa umegawanyika kama mkasi, huyo ni wa buluu au wa mifereji, blue au channel. Kwa maji mengi ya Texas unaruhusiwa 25 kwa siku wa aina hizo mbili kwa pamoja, bila urefu wa chini, ila 10 tu kati yao ndio waweza kufika inchi 20, yaani sentimita 51, au kuzidi. Kwenye yale mabwawa ya mijini ni 5 tu. Mkia ukiwa umenyooka bila kugawanyika, na kichwa ni bapa kama kimekanyagwa huku taya la chini limetokeza, huyo ni flathead. Yeye lazima afike inchi 18, karibu sentimita 46, nao hawazidi 5 kwa siku.

Besi wa mdomo mkubwa, ndugu yake yule aliyepelekwa ziwa Naivasha kutoka Marekani enzi za ukoloni, kwa kawaida ni 5 kwa siku na kila mmoja awe na inchi 14 au zaidi. Maziwa kadhaa yana vipimo vyake tofauti kwa samaki huyu, basi soma kibao cha pale pale kwenye gati. Baharini, samaki aitwaye red drum anatakiwa awe kati ya inchi 20 na 28, na 3 kwa siku.

Kupima: mlaze samaki juu ya futi, mdomo umefungwa, pua iguse mwanzo, kisha bana mkia uungane na usome ncha ya mwisho. Usipime kwa kukisia na kiganja. Mimi nimechora alama za inchi 14, 18 na 20 kwa wino usiofutika kwenye mfuniko wa kibaridi changu, yaani sanduku la barafu, na zimeniokoa mara nyingi kuliko futi yoyote, kwa sababu futi husahaulika nyumbani.

Nimemwacha makusudi sato, au perege, au ngege, kila mtu na jina la kwao. Yupo Texas, hasa kwenye maji ya vuguvugu kama maziwa ya Calaveras na Braunig ya San Antonio, yanayopokea joto la mitambo ya umeme. Kwetu ni samaki wa heshima. Huku sheria inamhesabu mgeni mharibifu, na ni kosa kuwa naye akiwa hai. Hana kikomo cha idadi wala urefu, lakini ukiamua kumchukua, muue hapo hapo kwa kumtoa matumbo au kumkata kichwa. Ile desturi ya kumbeba hai kwenye ndoo ya maji ili afike nyumbani akiwa mbichi ndiyo inayowaponza watu. Hata ukiwa na leseni ya bei ghali kuliko zote, ndoo ile itakutia hatiani. Beba kisu na barafu.

Kuna mambo mengine mawili ambayo leseni haikupi. La kwanza, haikupi ruhusa ya kuuza. Najua kwenye makundi yetu ya WhatsApp kuna wanaotangaza kambare wabichi kwa pauni. Samaki wa leseni hii ni wa kula na kugawa, na kuuza kunataka leseni ya biashara. La pili, haikuhakikishii kwamba samaki ni salama kuliwa. Idara ya afya ya jimbo hutoa maonyo ya maji yenye sumu, na miongoni mwake kuna sehemu za mto Trinity kupitia Dallas na Fort Worth, na mfereji wa meli wa Houston pamoja na sehemu ya juu ya ghuba ya Galveston. Sumu hizo hukaa kwenye mafuta ya samaki na haziondoki kwa kukaanga wala kukausha. Mama mjamzito na watoto wadogo wasile kabisa samaki wa maji hayo.

Hatua ya sita: afisa akija

Atakuja. Maafisa wa uvuvi na wanyamapori wa Texas ni askari kamili wa jimbo, na wana mamlaka ya kukuomba leseni na kufungua ndoo na kibaridi chako. Msalimie, weka fimbo chini, mweleze kwamba leseni iko mfukoni kabla hujaingiza mkono. Usimwage samaki majini ukimwona anakaribia; hicho ndicho kitu cha kwanza wanachotazama. Usihame hame.

Kuvua bila leseni ni kosa la daraja la chini kabisa, Class C, lenye faini ya kati ya dola 25 na dola 500, na gharama za mahakama juu yake. Ukipita idadi au ukichukua aliye mfupi, jimbo laweza pia kukudai thamani ya samaki wenyewe. Karatasi utakayopewa inataja mahakama na tarehe. Kuitia sahihi maana yake unaahidi kufika, si kwamba umekiri kosa. Mzee wa Baraka aliogopa kusaini, na hali ikaanza kuchafuka mpaka nilipomweleza hilo.

Usiitupe karatasi hiyo kwenye droo. Asiyejibu hutolewa hati ya kukamatwa, na hati hiyo itamsubiri siku atakaposimamishwa barabarani kwa taa iliyokufa. Piga simu mahakamani kabla ya tarehe, sema lugha yako ni Kiswahili, omba mkalimani. Mzee alifanya hivyo, akaelezwa kiasi na jinsi ya kulipa, akalipa. Wiki iliyofuata tulikwenda pamoja akakata leseni yake ya dola 12.

Kuhuisha

Leseni za msimu mpya huanza kuuzwa 15 Agosti, na za zamani hufa usiku wa 31 Agosti. Sikukuu ya wafanyakazi ya Marekani ni Jumatatu ya kwanza ya Septemba, siku ambayo familia zetu nyingi hubeba mkaa, ugali na fimbo kwenda ziwani, na ndiyo wikendi ambayo leseni nyingi mifukoni zina siku chache tu tangu zimekufa. Kata mpya kabla ya wikendi hiyo.